Hivi wakomunisti walimchukia Mungu, au walimwogopa padri?

#1 Mkazi_Umoja
Habari zenu wadau. Jana jioni nilipita bustani ya Jeevanjee hapa Nairobi nikakuta wale wazee wa Bunge la Mwananchi wamechemka. Mmoja anasema ukomunisti na dini haviwezi kuishi nchi moja, lazima kimoja kikizike kingine. Mwenzake anamwambia aache porojo, mbona China leo ina makanisa na misikiti? Wa tatu akamwingiza Nyerere, mambo yakaharibika kabisa, nikaondoka kabla matatu za Umoja hazijapandisha nauli.

Sasa nauliza hapa kwa watu waliosoma. Kwa nini karibu kila serikali ya kikomunisti iligombana na dini? Mimi naona ni Marx tu. Alisema dini ni afyuni ya watu, wanafunzi wake wakachukua nyundo wakaenda kubomoa. Kama kuna sababu nyingine ileteni. Mahubiri sitaki, ya upande wowote.

#2 Kijana_Kayole
Rahisi. Chama kinautaka moyo wako wote, kanisa nalo linautaka wote. Fahali wawili hawakai zizi moja. Funga uzi.

#3 Mwalimu_Form3
Uzi haufungwi kwa methali, kijana.

@Mkazi_Umoja, sentensi ya afyuni kila mtu huinukuu kipande. Iliandikwa kati ya 1843 na 1844, na kabla yake Marx anasema dini ni kilio cha kiumbe aliyeonewa. Hoja yake ilikuwa kwamba ukiondoa dhiki, watu wataiacha dini wenyewe. Hakusema pale mtu achukue nyundo.

Sababu itafuteni Urusi kwenyewe. Kanisa la Orthodox kule lilikuwa idara ya serikali. Mfalme Peter alisitisha cheo cha patriaki, yaani mkuu wa kanisa, na 1721 akaunda Sinodi iliyosimamiwa na afisa wake asiye kasisi. Kwa karibu miaka 200 padri alikuwa mtu wa Tsar, yaani mfalme: anasoma matangazo ya serikali kanisani, anaandika vizazi na vifo, anawahimiza wakulima watii. Tsar alipoanguka 1917, nani angemtofautisha padri na karani wa Tsar? Amri ya mwanzoni mwa 1918 ikatenganisha kanisa na dola, shule na kanisa, na mali za makanisa zikawa za umma.

Halafu ikaja njaa ya Volga. 1922 serikali ikaagiza vyombo vya dhahabu na fedha vya makanisani vichukuliwe vikauzwe kununua chakula. Patriaki Tikhon akaruhusu vitolewe vile ambavyo havikuwekwa wakfu. Serikali ikavitaka hata vya sakramenti. Mji wa Shuya waumini wakajitokeza kuzuia, wakapigwa risasi. Na Lenin akawaandikia wenzake barua ya siri kwamba wakati huo wa njaa ndio wa kuwavunja makasisi, kwa sababu wakulima walikuwa wamechoka mno kuwatetea. Soma barua ile halafu uniambie kama ilikuwa habari ya mahindi.

#4 Kijana_Kayole
Volga hawakuwa wanakula mahindi mwalimu 😂

#5 Mwalimu_Form3
Kaa chini.

#6 Bint_Mtongwe
Salaam. Mnaongea kana kwamba dini ni kanisa peke yake. Mwishoni mwa 1917 Lenin alitoa wito kwa Waislamu wa Urusi, akawaambia imani na mila zao ziko huru tangu siku ile. Hata ule msahafu mkongwe unaonasibishwa na Sayyidna Uthman, ambao jeshi la Tsar liliuchukua Samarkand 1869 ukapelekwa St. Petersburg, Wabolsheviki, chama cha Lenin, waliurudisha kwa Waislamu. Ulianzia Ufa, kisha 1924 ukafika Tashkent, na uko huko hadi leo.

Kwa hiyo mwanzoni walikuwa wanatubembeleza. Walipokwisha kukaa sawasawa ndipo mambo yakageuka. 8 Machi 1927 wakaanzisha kule Uzbekistan kampeni waliyoiita hujum: wanawake waliitwa viwanjani wavue paranja zao, yale mavazi ya kufunika uso na mwili, zikachomwa moto mbele ya umati. Mwanamke akirudi nyumbani uso wazi, wengine waliuawa na ndugu zao wenyewe. Chama kikasema hao wauaji ni maadui wa mapinduzi, familia zikasema Chama ndicho kilichowavunjia heshima, na katikati ni msichana ambaye hakuulizwa na yeyote. Misikiti ikafungwa mmoja mmoja, na maandishi ya Kiarabu yakaondolewa yakaja ya Kilatini, baadaye ya Kirusi. Mtoto hakuweza tena kusoma barua ya babu yake.

@Mwalimu_Form3 sasa niambie, imamu wa kijijini Uzbekistan alikuwa karani wa Tsar?

#7 Fundi_Luthuli
Dada kauliza swali zito. Mimi niko hapa na popkoni. Ila mbona mnaruka jirani? Tanzania ilikuwa ya kikomunisti na rais wake alikuwa Mkatoliki wa misa kila siku. Hapo nadharia zenu zote zimekufa.

#8 Mbongo_Ngara
Mkuu Fundi, Tanzania haikuwa ya kikomunisti hata siku moja. Azimio la Arusha la 1967 ni Ujamaa na Kujitegemea, na Mwalimu Nyerere alisema mara nyingi Ujamaa wetu hauhitaji kumkana Mungu. Sasa hivi Kanisa linashughulikia kesi yake ya kutangazwa mtakatifu, ilifunguliwa 2005.

Lakini nikupe kitu cha kutafuna. Pamoja na upole wote huo, mwishoni mwa miaka ya sitini shule za misheni zilitaifishwa. Na 1968 ile jumuiya ya Waislamu wa Afrika Mashariki, EAMWS, ilipigwa marufuku, BAKWATA ikachukua nafasi yake. Wapo wazee Kariakoo hadi leo hawajasamehe. Kwa hiyo serikali ambayo haikuwa ya kikomunisti, chini ya rais mcha Mungu, nayo ilitaka kujua nani anaongoza waumini na fedha zinatoka wapi. Ndiyo maana nasema suala ni dola, si Marx.

#9 Mkazi_Umoja
Asante Mbongo. Basi twende kaskazini. Ethiopia ya Mengistu, pale mpakani tu. Kuna mtu wa Eastleigh humu?

#10 Section_Three
Nipo. Wazazi wangu walitoka Addis wakati wa Derg, ule utawala wa kijeshi, mimi nimezaliwa hapa hapa Nairobi.

Kwanza historia. Derg ilichukua madaraka 1974, na sheria ya ardhi ya 1975 ikalinyang'anya Kanisa la Orthodox mashamba yake, ambayo yalikuwa mengi kupita kiasi. Patriaki Theophilos akaondolewa 1976, akauawa 1979. Mwaka huo huo, Julai 28, Gudina Tumsa, katibu mkuu wa kanisa la Mekane Yesus, alitekwa akitoka ibadani. Familia haikujua kaburi lake mpaka Derg ilipoanguka.

Sasa ya nyumbani. Wazazi wangu walikuwa Pente, ndivyo wanavyoitwa walokole kule. Kanisa lao lilipofungwa wakawa wanasali nyumba kwa nyumba. Mama anasema ibada ilijificha ndani ya kahawa. Unajua kahawa ya Kihabeshi haina haraka: unaosha buni, unakaanga, unatwanga, jebena, yaani birika la kahawa, inapanda motoni, mnakunywa duru tatu. Mtu wa kebele, serikali ya mtaa, akipita anaona wanawake wamekaa na vikombe, nyasi zimetandazwa sakafuni, ubani unafuka, hakuna la kutilia shaka. Biblia ilikuwa chini ya unga wa teff kwenye pipa. Nyimbo waliimba kwa midomo tu bila sauti, mmoja akiinua kidole kuonyesha ubeti umeisha. Mpaka leo mama akiimba kanisani hapa Nairobi sauti yake haitoki, na kwaya wamechoka kumwambia apaze.

Kitu ambacho wengi hawasemi: chini ya Haile Selassie sikukuu za Kiislamu hazikuwa za taifa. Derg ndiyo iliyozitambua. Kwa hiyo muulize Mwislamu wa Addis wa umri wa baba yangu, hatakupa hadithi niliyokupa mimi.

#11 Abti_wa_Isili
@Section_Three jirani, umesema kweli. Upande wetu sasa.

Siad Barre alipindua serikali ya Somalia 1969, mwaka uliofuata akatangaza ujamaa wa kisayansi, na kila hotuba alisisitiza haupingani na Uislamu. Mwanzoni mwa 1974 akaiingiza Somalia kwenye Jumuiya ya Nchi za Kiarabu. Januari 1975 akatangaza sheria ya familia: mwanamke arithi sawa na mwanamume. Masheikh wakaipinga misikitini Mogadishu. Kumi kati yao wakapigwa risasi Januari 23, mwezi huo huo. Yule yule mtu, chini ya mwaka mmoja baada ya kukaa na Waarabu.

Babu yangu hakuzungumzia Marx maishani mwake. Alisema tu: mtawala aliyemuua sheikh ametuonyesha anajiona nani. Ila shangazi yangu, ambaye ana duka hapa Eastleigh na pesa zake mwenyewe, anasema ile sheria ilikuwa nzuri, na kilichoiharibu ni risasi. Wakikutana Idi wanabishana hadi pilau inapoa.

#12 Kijana_Kayole
Narudi. Mnazunguka tu. Ukomunisti wenyewe NI dini. Angalia: Lenin amehifadhiwa kwenye kaburi la kioo, watu wanapanga foleni kumwona. Picha za Marx na Engels zinabebwa kwenye maandamano. Mao ana kitabu kidogo chekundu watu wanakariri. Mwanachama akikosea anasimama mbele ya wenzake anaungama. Wana pepo yao, inakuja, tarehe haijulikani. Dini haivumilii dini nyingine. Ndivyo hivyo.

#13 Mwalimu_Form3
Kwa kipimo hicho hata timu ya Gor Mahia ni dini.

#14 Fundi_Luthuli
Kwani si dini??

#15 Mwalimu_Form3
Hoja hiyo ni tamu mdomoni ila haielezi chochote. Kama ukomunisti ulikuwa dini iliyochukua nafasi ya ile ya zamani, basi ilishindwa kupata waumini. Januari 1937 Stalin alifanya sensa na swali moja likauliza kama unaamini Mungu. Hebu fikiria ujasiri: karani wa serikali mlangoni, mwaka wa watu kukamatwa usiku, naye anauliza dini yako. Zaidi ya nusu ya watu wazima wakajibu kwamba wanaamini. Baada ya karibu miaka ishirini ya utawala wa Wabolsheviki, na Umoja wao wa Wakana Mungu, magazeti, mihadhara na makanisa yaliyogeuzwa maghala! Stalin akaifuta sensa, waliosimamia wakakamatwa. (Walikuwa na kosa kubwa zaidi, idadi ya watu ilitoka pungufu kuliko alivyotangaza, njaa ilikuwa imewamaliza.)

#16 Kijana_Kayole
Na bado Stalin huyo huyo alirudisha kanisa 1941 Wajerumani walipovamia. Alikumbuka kusali?

#17 Mzee_wa_Ahero
Vijana, shikamooni hamnipi, basi nawasalimu mimi. Ni 1943, si 1941. Usiku wa Septemba 4 Stalin aliwaita Kremlin maaskofu wakuu watatu, Sergius, Alexy na Nikolai. Baada ya siku nne tu Sergius akachaguliwa patriaki. Na kanisa lilirudi likiwa na kamba shingoni: likaundwa baraza la serikali la kulisimamia, mkuu wake afisa wa usalama. Mwaka huo huo Waislamu wa Asia ya Kati wakapewa ofisi yao ya mufti Tashkent. Ile Sinodi ya Peter iliyotajwa na Mwalimu_Form3 kule juu ilikuwa imezaliwa upya.

Nimesoma Moscow miaka ya sabini, Chuo cha Lumumba. Nitasema niliyoyaona. Palipokuwa Kanisa Kuu la Kristo Mwokozi, ambalo walililipua Desemba 1931 ili wajenge Kasri la Sovieti lenye sanamu ya Lenin juu, mimi nilikuta bwawa la kuogelea. Kasri halikujengwa, vita vilikuja. Bwawa lilikuwa la mviringo, kubwa, wazi juu, na maji yake yanapashwa moto mwaka mzima. Januari, theluji imejaa mjini, unaingia kupitia banda la kubadilishia nguo, unazama kidogo chini ya kizuizi, unaibukia nje. Mvuke mzito, mwenzako aliye karibu unamsikia tu humwoni. Nywele zinaganda barafu huku miguu inahisi joto. Sisi wanafunzi wa Kiafrika tulipapenda sana. Siku moja mama mzee wa Kirusi aliyekuwa akifagia njia pale nje alituangalia, akapiga ishara ya msalaba, akaendelea kufagia. Ndipo mwenzetu mmoja akatuambia tunaogelea wapi. Kanisa lenyewe walilijenga upya baadaye, likafunguliwa rasmi 2000.

#18 Bint_Mtongwe
Mzee shikamoo. Na wewe Jumapili ulikuwa unasali wapi, au ulijiunga na wenyeji?

#19 Mzee_wa_Ahero
Marahaba binti. Kanisa Katoliki lililokuwa wazi Moscow lilikuwa moja, la Mtakatifu Ludoviko, lilibaki kwa sababu ya Wafaransa. Liko mtaa wa Malaya Lubyanka. Wanaojua Moscow wameshacheka: ni nyuma ya makao makuu ya KGB. Kila Jumapili tunapita ukuta wa KGB tukienda misa. Sisi wageni hatukuguswa. Kwa vijana wao ilikuwa tofauti: usiku wa Pasaka vijana wa Komsomol, umoja wa vijana wa Chama, walisimama milangoni mwa makanisa ya Orthodox, bibi kizee anapita, kijana anarudishwa. Na usiku huo televisheni, ambayo mwaka mzima ilituonyesha matrekta na mavuno, ghafla ingetuwekea muziki wa dansi kutoka nchi za nje ili watu wabaki nyumbani. Mimi nasema serikali inayopigana na Pasaka kwa kutumia muziki wa dansi imeshajua kwamba hoja zake zimeisha.

Kichekesho ni kwamba niliporudi, ofisi moja hapa mjini iliniuliza kama bado namwamini Mungu kabla ya kuniuliza nilisomea nini. Moscow hakuna aliyeniuliza swali hilo.

#20 Mwanakwaya_Kangemi
Jaduong' umenifurahisha. Naomba niongeze Poland kwa sababu inaharibu maelezo ya Mwalimu vizuri sana.

Poland kulikuwa na chama kile kile, majirani wale wale, na vifaru vya Urusi viko karibu. Kadinali Wyszyński walimfunga 1953, wakamwachia 1956. Wakajenga mji wa viwanda, Nowa Huta, karibu na Kraków, wakauita mji wa kisoshalisti, bila kanisa. Wafanyakazi wale wale, ambao kwa mujibu wa kitabu walitakiwa kuwa wa kwanza kuisahau dini, wakapigana na polisi 1960 kutetea msalaba. Kanisa lao liliwekwa wakfu 1977 na askofu mkuu wa pale, Karol Wojtyła. Mwaka uliofuata akawa Papa, Juni 1979 akarudi nyumbani, na Agosti 1980 Solidarność, chama huru cha wafanyakazi, ikazaliwa. Wenye umri watakumbuka mwaka huo huo wa 1980 alikuja hapa Nairobi. Walipomuua Padri Popiełuszko Oktoba 1984, watu wa usalama wenyewe walishtakiwa mahakamani, jambo ambalo lisingetokea Moscow.

Tofauti ni nini? Urusi kanisa lilikuwa la mtawala. Poland nchi ilipogawanywa na wageni kwa zaidi ya karne moja, kanisa ndilo lililobaki na lugha na jina la taifa. Chama kilipolipiga kilionekana kinampigia mgeni kazi.

#21 Mwalimu_Form3
Hujaniharibia, umenisaidia. Nimesema tangu #3: tazama kanisa lilisimama upande gani kabla ya mapinduzi.

#22 Bint_Mtongwe
Imamu wangu wa Uzbekistan bado anasubiri jibu 🙂

#23 Msee_wa_Mlolongo
Niwatoe Ulaya. Nilifanya kazi kwenye reli ya SGR kambini na Wachina kabla haijazinduliwa 2017. Jikoni mwao mpishi alikuwa na kisanamu cha jemadari mwekundu mwenye ndevu ndefu na upanga, mbele yake machungwa na vijiti vya ubani. Msimamizi wetu alikuwa mwanachama wa Chama, alisema waziwazi kwamba yeye hana dini, hayo ni mambo ya wazee. Lakini machungwa yakichakaa, ni yeye aliyekuwa anamtuma dereva sokoni kuleta mengine. Nilimuuliza mara moja, akasema "ni ya mpishi." Sawa bosi.

#24 Section_Three
😂😂 Ni ya mpishi.

#25 Mbongo_Ngara
China inafaa kutazamwa kwa makini, kwa sababu pale hawakuendelea na kufuta. Wakati wa Mapinduzi ya Utamaduni, kuanzia 1966, kila kitu kilifungwa, mahekalu yakavunjwa. Mao alipokufa wakabadilisha mbinu: waraka wa Chama wa 1982 ulikiri kwamba dini itadumu muda mrefu na haiwezi kuondolewa kwa amri. Tangu hapo dini zinazotambuliwa ni tano: Ubudha, Utao, Uislamu, Ukatoliki na Uprotestanti, kila moja ikiwa na chombo chake kilichosajiliwa. Wakatoliki walikuwa na jumuiya yao ya kizalendo tangu 1957, isiyochukua amri Roma. 2018 Vatikani na Beijing wakasaini makubaliano ya jinsi ya kuteua maaskofu, yakarefushwa mara kadhaa. Mwanachama wa Chama haruhusiwi kuwa na dini. Ukiwa nje ya vyombo hivyo, kanisa lako linaweza kuja kubomolewa, kama lile kubwa la Linfen Januari 2018. Na mkoa wa Xinjiang, kuanzia 2017 hivi, Waislamu wa kabila la Wauyghur wengi sana walijazwa makambini, kuswali au kufuga ndevu ikiwa sababu tosha.

Kilele chake: 2007 walitoa kanuni kwamba lama wa Tibet, yaani kiongozi wa Kibudha, akitaka kuzaliwa upya, lazima serikali iidhinishe.

#26 Fundi_Luthuli
Subiri. Serikali isiyoamini maisha baada ya kifo inatoa KIBALI cha kuzaliwa mara ya pili? Hata uhamiaji pale Nyayo House hawajafika huko.

#27 Mbongo_Ngara
Hapo ndipo penye jibu, mkuu. Hawajali kama roho ipo. Wanajali Dalai Lama ajaye atazaliwa wapi na atamsikiliza nani. Huyu wa sasa alikimbilia India 1959.

#28 Mkazi_Umoja
Kwa hiyo hakuna nchi iliyopiga dini marufuku moja kwa moja? Nilidhani Urusi ilifanya hivyo.

#29 Mwalimu_Form3
Urusi hapana. Katiba ya 1936, kifungu cha 124, iliruhusu kuabudu na pia kueneza propaganda dhidi ya dini. Angalia ujanja: muumini anaruhusiwa kusali, mkana Mungu anaruhusiwa kuhubiri.

Iliyofuta kabisa ni Albania. 1967 Enver Hoxha alifunga nyumba zote za ibada, zaidi ya 2,000, na kifungu cha 37 cha katiba ya 1976 kikasema dola haitambui dini yoyote. Padri Shtjefën Kurti aliuawa kwa kosa la kubatiza mtoto kwa siri. Baadaye watu wakalazimishwa hata kubadili majina yenye harufu ya dini. Mama Teresa, Mwalbania yule, hakuruhusiwa kuingia kumwona mama yake, ambaye alifia Tirana 1972.

#30 Abti_wa_Isili
Na Albania Waislamu ndio waliokuwa wengi, kisha Waorthodox, kisha Wakatoliki. Hoxha alikuwa anaona nyuma ya msikiti kuna Uturuki, nyuma ya Orthodox kuna Ugiriki, nyuma ya padri kuna Italia. Nchi ndogo, majirani wakubwa. Hiyo ni hofu ya mgeni. Marx anaazimwa kutoa sababu tu.

#31 Kijana_Kayole
Kila mtu hapa Marx anaazimwa tu. Maskini Marx. Kwa hiyo Cuba je? Mungu wa nani alitisha pale?

#32 Mwanakwaya_Kangemi
Cuba mapadri wengi walikuwa Wahispania, na shule za kanisa zilisomesha watoto wa matajiri, akiwemo Fidel mwenyewe aliyefunzwa na Wajesuti. 1961 shule zikataifishwa, mapadri zaidi ya mia wakapakiwa melini. 1969 sikukuu ya Krismasi ikafutwa kwa sababu iliingiliana na mavuno ya miwa, walitaka tani milioni 10 za sukari, hazikufika. Ukuta wa Berlin ulipoanguka na Wasovieti kuondoka, ghafla 1991 Chama kikaruhusu waumini wajiunge, mwaka uliofuata katiba ikaacha kusema nchi ni ya wakana Mungu, Januari 1998 Papa akawa Havana na Krismasi ikarudi. Imani ya Chama ilibadilika lini hapo katikati? Kilichobadilika ni nani analeta mafuta.

#33 Dada_Huruma
Mimi ni Shahidi wa Yehova, mara nyingi humu huwa nasoma tu. Lakini hapa mmetusahau. Aprili 1951 Stalin aliwahamisha Mashahidi kwa maelfu, familia nzima usiku mmoja, hadi Siberia. Hatuna ardhi, hatukuwahi kuwa na Tsar, hatuna shule za matajiri, siasa hatuingii. Nadharia zenu zote za "kanisa lilikuwa na mamlaka" zinatuhusu vipi?

Halafu sikilizeni. Malawi, Kamuzu Banda, mzee wa kanisa la Kipresbiteri, adui mkubwa wa wakomunisti, alitupiga marufuku 1967 kwa sababu hatununui kadi ya chama. Ndugu zetu wakapigwa, wakakimbilia Msumbiji. 1975 Frelimo wakachukua nchi, wakawaambia wapige kelele ya viva Frelimo. Wakakataa. Wakapelekwa makambini Milange. Mtu yule yule, kosa lile lile, kwa mcha Mungu na kwa Mmarx.

#34 Mbongo_Ngara
Dada, umemaliza. Kadi ya chama.

#35 Mzee_wa_Ahero
Na hapa kwetu msijifanye hatukuona. 1988 gazeti la Beyond la makanisa lilipigwa marufuku kwa kuandika ukweli wa kura za mlolongo. Maaskofu Muge, Okullu na Ndingi, na Mchungaji Njoya, hao walitukanwa kila siku. Saba Saba ya 1997 polisi waliingia hadi ndani ya All Saints, waumini wakapigwa humo humo, Njoya naye akavunjwa. Tulikuwa na Marx gani? Watawala wenyewe ndio waliotuambia tangu enzi za Jaramogi kwamba wakomunisti wakija watafunga makanisa.

#36 Mwalimu_Form3
Jaduong', kwa heshima, hapo nakataa. Moi alikuwa kanisani kila Jumapili na saa ya taarifa ya habari sote tulimwona. Alitaka mimbari zimsifu. Stalin wa miaka ya thelathini hakutaka mimbari iwepo. Mtawala anayemtaka askofu wake na mtawala anayetaka watoto wako wasijue askofu ni nini, hao si mtu mmoja. Hapo katikati kuna itikadi, mkipenda msipende. Banda hakuwafundisha watoto shuleni kwamba hakuna Mungu.

#37 Dada_Huruma
Kwa aliyekuwa anapigwa, mwalimu, tofauti hiyo ilikuwa ndogo.

#38 Fundi_Luthuli
Mimi baada ya Shakahola, wafuasi wa mchungaji mmoja wamefukuliwa miili zaidi ya 400, nasema serikali isajili kila mchungaji, wakomunisti walikuwa na hoja kidogo.

#39 Section_Three
Kaka, ukianza hivyo mwishowe mama yangu anarudi kuimba kwa midomo.

#40 Fundi_Luthuli
Kusajili si kufunga. Tusitishane.

#41 Section_Three
Soma #25 tena. Na kule walianza na kusajili.

#42 Mkazi_Umoja
Jamani mada. Shakahola ifunguliwe uzi wake. Kabla sijalala: Korea Kaskazini nani anajua? Nilisikia mama yake Kim Il Sung alikuwa Mkristo nikadhani ni uongo.

#43 Mwanakwaya_Kangemi
Si uongo. Kang Pan-sok, familia ya Kipresbiteri. Pyongyang kabla ya vita iliitwa Yerusalemu ya Mashariki kwa wingi wa makanisa. 1988 wakafungua mawili, moja la Kiprotestanti na moja la Kikatoliki, wageni huonyeshwa.

#44 Kijana_Kayole
MTOTO WA MAMA MCHA MUNGU, AMEZUNGUKWA NA SANAMU ZAKE MWENYEWE, WATU WANAINAMA. Na mnaniambia #12 haielezi chochote?

#45 Mwalimu_Form3
Inaeleza Pyongyang. Sasa nielezee Poland kwa nadharia hiyo hiyo, nakusubiri. Na Bint, imamu wako sijamsahau: Samarkand watu walikula yamini mbele ya makadhi kabla ya Mrusi kufika, Tsar akawaachia makadhi kesi zao za ndoa na mirathi. Wabolsheviki walipotaka mahakama moja, kadhi hakuwa karani wa Tsar, alikuwa hakimu mshindani.

#46 Bint_Mtongwe
Kwa hiyo umehama kutoka "karani wa mtawala" hadi "mshindani wa mtawala". Karibu kambi ya Mbongo, mwalimu. Chai iko mezani.

#47 Mwalimu_Form3
Sijahama. Nimepanua.

#48 Mbongo_Ngara
Haya, sukari vijiko vingapi?